Unalipia Mlima au Unalipia Matairi?

Juni iliyopita, shule zilipofungwa, mdogo wangu alishuka stendi ya Moshi na msafara wake: wifi yangu, watoto wawili, na mama mkwe wake, mzaliwa wa Tanga, ambaye maisha yake yote Kilimanjaro alikuwa ameiona kwenye kalenda na chupa za maji tu. Mimi niliyekwenda kuwapokea nikawa wa sita. Mizigo ilikuwa haijaingia hata kwenye bajaji, tayari kijana mmoja mwenye fulana ya kampuni ya utalii na karatasi ya picha iliyofunikwa plastiki alikuwa ameshamaliza maelezo yake: maporomoko ya Materuni, kahawa, chakula cha mchana, kisha kuogelea Chemka, yote kwa siku moja, shilingi 120,000 kwa kichwa.

"Hiyo bei ya Wabongo, bro. Wageni tunawachaji dola themanini."

Vijana hawa mjini wanaitwa flaikacha, na siwasemi vibaya. Ndiyo kazi yao, na wengine wanaijua vizuri. Lakini laki na ishirini mara sita ni laki saba na ishirini, na mdogo wangu ni mwalimu. Alinigeukia: "Dada, hapa tunapigwa au ndiyo bei?" Nikamwambia twende nyumbani tukanywe chai kwanza.

Nyumbani nikatoa daftari. Ukiishi Moshi, kila likizo unageuka mwenyeji wa mtu, na baada ya kuzungushwa mara mbili tatu nilianza kuandika kila senti inayotoka. Materuni na Chemka nimekwenda kwa njia zote tatu zilizopo: kwa pakeji ya kampuni, nilipokuwa na rafiki kutoka Nairobi, kwa Noah ya kukodi, tulipokuwa sita wa ofisini, na kwa daladala na bajaji, mara nyingi kiasi kwamba sihesabu tena. Bei ninazozitaja humu ni tulizolipa sisi. Nauli na viingilio hupanda bila kuaga, kwa hiyo piga simu kabla hujatoka. Namna fedha inavyogawanyika ndiyo haibadiliki haraka.

Kwanza ujue ramani, maana hapo ndipo pesa inapokwenda. Materuni iko Uru Mashariki, juu ya mji, ndani ya migomba na ukungu. Chemka iko Wilaya ya Hai, chini kabisa upande wa kusini magharibi, kwenye nyika ya miiba na vumbi, nawe unapitia Boma Ng'ombe kuifikia. Mji wa Moshi uko katikati. Kwa hiyo gari linapanda mlima asubuhi, linashuka, linapita pale pale mlipopandia, halafu linateremka upande wa pili. Siku ya Noah tuliondoka saa mbili asubuhi tukarudi saa kumi na mbili jioni. Katika saa hizo kumi, karibu nne tulikuwa tumekaa kwenye siti tukiangalia migongo ya malori.

Huu si ujanja wa Moshi peke yake. Mtalii aliyefikia Cancún, Mexico, naye hupakiwa kwenye basi alfajiri akaone magofu ya Wamaya ya Chichén Itzá, aogelee kwenye shimo la maji wanaloliita cenote, apitishwe mji wa kikoloni wa Valladolid, na usiku arudishwe hotelini. Vitu vitatu kwenye karatasi moja vinauzika kuliko kimoja. Anayenunua huhesabu picha, na saa za kukaa kwenye siti hazipigwi picha.

Sasa hesabu. Siku ile ya Noah, gari na dereva na mafuta vilikuwa 180,000. Materuni tulilipa 10,000 kila mmoja, kiingilio cha kijiji na mwongozaji wa pale pale vikiwa ndani yake. Kahawa pamoja na chakula cha mchana, 20,000. Chemka mlangoni, 5,000. Ukitoa gari, basi, kila mtu alitumia 35,000. Gari likagawanywa kwa sita, 30,000. Jumla 65,000 kwa kichwa.

Rudi kwa kijana wa stendi. Vitu alivyoviuza kwa 120,000 ni vile vile. Maporomoko ni yale yale, kinu cha kahawa ni kile kile, chemchemi ni ile ile. Kinachobaki mikononi mwa watu wa Materuni na Chemka ni ile ile 35,000. Ile 85,000 nyingine ni matairi, mafuta, dereva, kodi, fulana, na kamisheni ya kijana mwenyewe. Kwa watu sita ni 510,000 kwa gari ambalo mtaani linakodiwa kwa 180,000.

Ila tusimwonee. Mkiwa wawili tu, ile Noah inamgharimu kila mmoja 90,000, ukijumlisha na 35,000 inakuwa 125,000. Hapo pakeji imekushinda kwa elfu tano, na ina mtu wa kukupokea, kukusubiri na kukujibu maswali. Mkifika watatu, Noah inashuka hadi 95,000 kwa kichwa, wanne, 80,000. Kwa hiyo mtu mmoja au wawili waende na kampuni bila kinyongo, tena waombe kuunganishwa na wengine. Kuanzia watatu kwenda juu, pakeji ya bei hiyo ni kumsomeshea mtu watoto.

Kuna jambo la daladala ambalo lilinishangaza mwenyewe nilipolipigia mahesabu. Nilidhani litatuokolea fedha nyingi. Kwenda Materuni na kurudi ni nauli ya 4,000, na kiingilio, kahawa na chakula viko pale pale: 34,000. Chemka siku nyingine: daladala hadi Boma Ng'ombe na kurudi 4,000, bajaji mbili za kutupeleka, kutusubiri na kuturudisha Boma zilikuwa 60,000, yaani 10,000 kila mtu, kiingilio 5,000, mkate, mayai na parachichi tulivyobeba 4,000. Jumla 23,000. Siku zote mbili ni 57,000. Tofauti na Noah ni elfu nane tu kwa kichwa! Na kama unalala gesti, chumba cha usiku wa pili kinazimeza hizo elfu nane asubuhi na mapema.

Hata hivyo mdogo wangu na msafara wake tuliwapeleka kwa daladala, siku mbili tofauti. Wanalala kwangu, chumba ni bure. Na tulichokinunua kwa ile siku ya pili ni muda, ambao sijaona kampuni inayouuza.

Materuni ndiko muda unakohitajika zaidi. Kutoka daladala inapoishia hadi maporomokoni ni mwendo wa karibu saa nzima kwa anayetembea na mama wa miaka sitini na kitu. Njia inapita katikati ya vihamba vya watu: mgomba juu, kahawa chini yake, viazi vikuu vimepanda juu ya mti, mbuzi ndani, mfongo wa maji unapita pembeni. Mifongo hiyo, mifereji ya kienyeji inayoteremsha maji ya mlima hadi shambani, Wachagga walikuwa nayo kabla ya Mzungu yeyote kuandika kwamba ameuona mlima huu, jambo lililotokea Mei 1848, alipopita mmisionari Johannes Rebmann. Jirani tu, Shimbwe Juu, kilimo hicho cha kihamba kilitambuliwa na FAO, shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa, mwaka 2011 kuwa urithi wa dunia wa kilimo. Kwenye pakeji hapa unapita mbio. Sisi tulisimama kila mama aliposimama, na mama alisimama kila alipoona ndizi asiyoijua jina. Mwongozaji wetu, kijana wa pale kijijini, alizitaja moja moja bila kuchoka: hii mshale ya mtori, hii ya pombe, hii ya kuiva. "Bibi, hii ukiipika na nyama utanipigia simu."

Maporomoko yenyewe waongozaji huyakadiria mita 80 hivi. Juni maji yake ni baridi ya kukata pumzi. Mpwa wangu wa miaka 13 aliingia hadi magotini akatoka akitetemeka, akaapa kwamba ameogelea. Kama umepanga safari hii kwa ajili ya kuogelea, ujue hapa unapigwa na mnyunyizo tu. Masika, kati ya Machi na Mei, udongo ule unateleza kama sabuni. Raba ya mjini itakuaibisha mbele za watu.

Kahawa ndiyo iliyokuwa na thamani ya ile 20,000. Mama mwenye kihamba alitupa punje kavu zikiwa bado na ganda lake. Zikatwangwa kwenye kinu, zikapepetwa kwa ungo, zikawekwa kwenye chungu juu ya mafiga matatu. Wifi yangu alipewa mwiko akoroge asizisimamishe hata kidogo. Dakika kumi za mwanzo hakuna harufu ya kahawa hata kidogo. Kunanuka kama nyasi mbichi zinazoungua. Kisha punje zikaanza kudata, tak, tak, moshi ukageuka, na kila mtu akajikuta amesogea. Zikatwangwa tena, zikachekechwa, zikachemshwa. Mama wa Tanga, ambaye kahawa kwake ni kikombe kidogo kichungu cha barazani, alionja, akanyamaza, akaomba kingine. "Aika," akamwambia mwenyeji, neno la kushukuru alilofundishwa nusu saa kabla.

Nilipokwenda kwa pakeji na rafiki yangu wa Nairobi, mwongozaji wa kampuni alikuwa anatazama saa tangu punje zinaingia chunguni. Zilitolewa kabla hazijadata sawasawa, tukamalizia na unga uliokwishasagwa kwenye kopo. Rafiki yangu hakujua tofauti. Mimi nilijua, nikanyamaza, kwa sababu gari lilikuwa linatusubiri na Chemka ilikuwa mbali.

Chemka, au Kikuletwa kwa jina la mto wake, ilipewa sifa ya maji moto na watu ambao nadhani hawajawahi kuoga maji moto. Ni vuguvugu. Mama mkwe alitumbukiza miguu, akacheka: "Haya ya kumwogeshea mtoto. Maji moto yako kwetu Galanos." Ni kweli, chemchemi za Galanos kule Amboni ni za maji moto na zinanuka kiberiti. Za Chemka hazinuki kitu. Kinachotisha ni uangavu. Unasimama ukingoni chini ya mikuyu ambayo mizizi yake inaning'inia hadi majini, unaona kokoto za chini kana kwamba ziko magotini pako, kumbe mtu mzima akisimama maji yanampita kichwa. Mtoto asiyejua kuogelea avalishwe boya tangu ukingoni, na asiachiwe kamba ile ya kubembea bila mtu mzima kuwa ndani ya maji. Vijisamaki vya pale vinakuja kudonoa nyayo; mpwa wangu wa kike alipiga yowe la kwanza kwa hofu, la pili kwa raha, na baada ya hapo hatukumtoa.

Dereva wa bajaji ndiye aliyemweleza mama maji yale yanatoka wapi na yanaishia wapi, tena bure. Mvua inayonyesha msituni juu ya mlima inazama ardhini na kutembea chini ya miamba hadi inaibukia huku kwenye ukame. Kutoka hapa Kikuletwa unakwenda bwawa la Nyumba ya Mungu, ukitoka huko ndio Mto Pangani, na Pangani unaingia baharini mkoani Tanga. Mama aliyatazama maji yale kwa jicho jingine. "Kumbe nimekuja kuoga maji ya kwetu kabla hayajafika."

Kwa Chemka nina ushauri: usiende Jumamosi wala Jumapili. Kiingilio ni kile kile, ila utakuta spika tatu zinapigana na nyama choma iko hadi kwenye mizizi. Sisi tulifika Jumatano saa tatu na nusu asubuhi, tukawa peke yetu na ngedere kwa zaidi ya saa nzima. Pakeji hufika huku mchana au alasiri, wakati kila gari lililoshuka kutoka Materuni nalo linafika. Na kabla hamjapanda bajaji pale Boma, patana bei ya kwenda na kurudi na kusubiri kwa mkupuo mmoja, lipa nusu, nusu nyingine mkisharudi. Mara moja niliwahi kulipa yote mwanzoni, nikarudi Boma kwa miguu hadi nilipohurumiwa na trekta.

Watu huniuliza kuhusu Marangu. Ni pazuri, na kwa daladala ni rahisi kufika: maporomoko ya Kinukamori yako karibu na Marangu Mtoni, na yapo mapango ya Wachagga, mahandaki yaliyochimbwa watu wajifiche na mifugo yao wakati wa kuvamiwa na Wamasai na hata watawala wa jirani. Lakini hapa viingilio ni kidogo kidogo na ni vingi, kila geti na la kwake, na mwisho wa siku vinafika palepale. Anayetaka kugusa mlima wenyewe anaweza kuingia geti la Marangu akatembea msituni hadi Mandara, mita 2,700 hivi, na kurudi siku hiyo hiyo. Hapa ndipo uraia unapokuwa pesa: Mtanzania au mwana Afrika Mashariki analipa hifadhi shilingi 10,000 kwa siku kabla ya VAT, mgeni wa nje analipa dola 70 kabla ya VAT. Malipo ni kwa kontroli namba, si fedha mkononi, na kitambulisho kinaangaliwa. Mwongozaji ni gharama nyingine. Kama umekuja na shemeji mwenye pasipoti ya Ulaya, mwambie mapema asije akalia getini.

Na ukiwa na mgeni wa aina hiyo, ile hesabu yangu ya Noah iangalie upya. Anayebeba watalii kwa malipo anatakiwa awe na leseni ya utalii, ile ambayo wengi huiita TALA, na dereva wa mtaani asiye nayo akisimamishwa barabarani akiwa na mzungu siti ya mbele, siku yenu inaweza kuishia hapo. Kampuni yenye leseni inakulinda na hilo. Waombe wakuonyeshe leseni, na bei waitaje kwa shilingi. Tangu Machi 2025 kanuni za nchi zinakataza kutangaza bei ya bidhaa na huduma za ndani kwa fedha za kigeni, kwa hiyo "dola themanini" ya stendi ina tatizo hata kabla hujaijadili.

Siku ya tatu hatukuwa na mpango, na ndiyo iliyokuwa rahisi kuliko zote. Mpwa wangu wa kike aliianzisha. Tukiwa dukani kwa jirani kununua maziwa alimwita mwenye duka "Mangi", kama wanavyofanya kwao Dar, ambako kila Mchagga mwenye duka ni Mangi. Nikamwambia mangi hasa alikuwa mtawala, na mmoja wao Wajerumani walimnyonga hapa juu tu. Akataka kupaona.

Tulipanda daladala ya Old Moshi, inayokatia Kiboriloni na kupanda hadi Kidia. Huku ndiko Moshi ilikokuwa. Mjerumani aliweka boma lake juu huku kwenye baridi, karibu na makao ya Mangi Rindi na baadaye mwanawe Meli. Meli aliwashinda mwaka 1892, vita ambavyo kamanda wao von Bülow aliuawa. Mwaka uliofuata wakarudi na nguvu zaidi. Tarehe 2 Machi 1900 walimnyonga pamoja na wenzake 18, wakiwemo viongozi kutoka Siha na Meru, kwenye mti ulioko Tsuduni. Mti ungali umesimama. Kichwa chake inaaminika kilikatwa na kupelekwa Ujerumani, na mjukuu wake, mzee Isaria Meli, amekidai kwa miaka mingi. Mwaka 2023 taasisi ya makumbusho ya Berlin ilitangaza kwamba vinasaba vya mafuvu matatu waliyoyahifadhi vimelingana na vya watu walio hai huku. Mojawapo lilikuwa la Akida, mshauri wa Meli. La Meli halikuwa miongoni mwake.

Mwongozaji, mtu mzima wa hapo Old Moshi, alituchukua kwa 30,000 sote. Hakutuimbia wala hakutuharakisha. Alimwonyesha mtoto tawi, akamwonyesha bonde, akamwonyesha upande wa boma, halafu akatupeleka Kidia kwenye kanisa na nyumba aliyoishi mmisionari Bruno Gutmann, aliyeandika mila za Wachagga kwa miaka mingi. Mtoto aliuliza swali moja tu: "Sasa kwa nini mangi wa dukani haogopwi?" Mzee yule alicheka hadi akashika fimbo kwa mikono miwili.

Tulishuka mjini adhuhuri. Huo mji wa chini ni mtoto wa reli. Treni kutoka Tanga ilipofika mwaka 1911, shughuli zote zilihamia kwenye tambarare, na kule juu pakabaki na jina la Old Moshi. Kuutembea huhitaji mtu wa kukuongoza wala gari: anzia stesheni, pandisha hadi mnara wa saa, kaa kidogo kwenye kivuli, pita majengo ya KNCU, ushirika wa wakulima wa kahawa ulioanzishwa mwaka 1933 na ambao ndio uliolipia ada za shule za nusu ya watu wazima unaokutana nao hapa. Hiyo nusu ni kadirio langu. Tulikula mtori kwa mama ntilie nyuma ya soko, 5,000 sahani iliyojaa. Jumla ya siku, nauli 4,000, mwongozaji 5,000, chakula 5,000: elfu kumi na nne kwa kichwa. Sijaiona pakeji ya mjini yenye Old Moshi ndani yake, na kijana wa stendi nilipomuuliza alisema "kule hakuna kitu cha kuona."

Nilikutana naye tena siku ya nne, tukiwasindikiza. Alinikumbuka. Nilimwambia mlipotupa ile bei tulikuwa sita, akashuka hadi 85,000 kabla sijamaliza sentensi. Hapo ni laki mbili na zaidi zimeyeyuka kwa kutaja idadi tu.

Mama mkwe hakuwa anasikiliza. Alikuwa anabishana na konda wa basi. Jana yake alikuwa amepita Kiboriloni akachukua mkungu wa ndizi mshale kwa 12,000, na konda alitaka 15,000 ya mzigo hadi Dar.

"Mwanangu," mama alimwambia kwa upole, "wewe unanitoza nauli ya ndizi kuliko bei ya ndizi? Nishushe basi mimi, ipande yenyewe."

Abiria wa mbele wakacheka, konda naye akacheka, mkungu ukaingia buti kwa elfu nne. Mdogo wangu alinitazama, na nadhani tuliwaza kitu kimoja: siku ile ya kwanza tungemwacha yeye azungumze na yule kijana.